Mianzi ya Shangazi Yako

Igumbiko,
Jumapili, saa tisa mchana

Twilumba mwanangu,

Umetoka sasa hivi kwenda kuaga kwa mchungaji na kwa walimu wako wa zamani. Nimekupigia hesabu: utachukua masaa matatu, maana kila nyumba watataka ukae, unywe uji, uwaeleze upya jambo ambalo wanalijua tayari. Masaa hayo matatu ndiyo niliyonayo. Nimekaa kwenye meza ya marehemu baba yako, nimetia kipande cha gazeti chini ya ule mguu mfupi wa meza, na ninaandika mbiombio. Nikiinuka hapa nitajitafutia kazi jikoni na barua haitaandikwa.

Habari za kufunga mlango vizuri, kuanika godoro na kutokopesha watu nguo zako sitaandika. Una miaka kumi na tisa na ulikaa bweni miaka minne. Huko ulikotoka wanaiba mpaka sabuni iliyolowa, na wewe ulirudi na sabuni yako. Ninachotaka kukuandikia kinanihusu mimi, na hakipendezi.

Keshokutwa asubuhi unaingia ofisini Mbeya, mpiga chapa wa ofisi ya ardhi. Siku ile walipolitangaza kanisani akina mama wakapiga vigelegele, na mimi nikainama nikajifanya natafuta leso. Uliniambia baadaye, "Mama, ulilia kwa furaha." Sikulia. Nilikuwa najua kwamba Alhamisi hii, katika mji huohuo wa Mbeya, rufaa ya shangazi yako Yustina inasikilizwa. Na kinachomwangusha shangazi yako tangu kesi ianze ni karatasi moja, ambayo maneno yake ni yangu na sahihi ya chini ni yangu.

Wewe unaijua kesi hiyo kwa juujuu. Umekua ukisikia kwamba shangazi Yustina ni mbishi, anapenda mahakama, anauza pombe halafu anataka serikali imlipe. Ulisikia hayo kwangu. Sasa sikiliza ilivyokuwa.

Miaka mitano iliyopita, tukiwa bado kule juu mlimani kabla ya kuhamishwa, walikuja watu wawili na Landrova. Walitumwa na shirika ambalo jina lake sitaliandika, maana likinijia mdomoni nataka kutema mate. Wakatukusanya shuleni. Wakasema mlima na bonde vinatakiwa kwa shamba kubwa la mbegu, kwa faida ya taifa, na kila mtu atalipwa fidia yake bila kucheleweshwa. Mmoja alitueleza taratibu, akihesabu kwa vidole: ardhi tupu hailipwi, ardhi ni mali ya umma. Kinacholipwa ni kile ulichokiweka kwa mikono yako juu ya ardhi, kama nyumba, ghala, miti uliyopanda, mazao yanayokaa miaka. Mthamini atakuja baada ya wiki mbili, ataandika kila kitu.

Wajinga sisi, wala hatukuwaza fidia. Tuliwaza mgeni. Unatujua watu wa huku, akisemwa mgeni wa serikali tunafagia mpaka njia ya mbuzi. Mimi nilikuwa ndio nimechaguliwa kiongozi wa akina mama wa usharika na kichwa kilikuwa kimenivimba. Nikaitisha kikao. Nikapanga nani atapaka ukuta udongo mweupe, nani atatoa kuku, nani ataimba. Halafu nikaongeza langu moja. Nikasema mbeta zote zishushwe.

Mvua zilikuwa zimekolea, ndio wakati wenyewe wa kugema. Bonde zima kila chipukizi la mwanzi lilikuwa limekatwa ncha na kuvishwa mbeta yake, kipande kikavu cha mwanzi cha kukingia ulanzi, ile pombe ya mianzi. Sikutaka yule bwana apite pale aone mbeta zinaning'inia huku na huku, aende akaseme Igumbiko ni kijiji cha walevi. Nilijisikia nimelipigania kanisa. Tukatuma watoto wa shule ya Jumapili bondeni. Wewe ulikuwa wa kwanza kurudi, umejaza kanga nzima, umelowa ulanzi mpaka magotini na unacheka. Ulikuwa na miaka kumi na minne. Sikulaumu wewe, ulitumwa na mama yako.

Bonde lile lilikuwa la shangazi yako. Babu yako, baba yao marehemu baba yako na Yustina, alichimba mashina kwa watu wa ng'ambo ya mlima akayabeba mgongoni, akayapanda moja moja kufuata kijito. Kila shina lilikuwa na mwaka wake na hadithi yake. Yustina alipoachika akarudi nyumbani bila mtoto wala ng'ombe, mzee akampa bonde mbele ya ukoo wote, akasema huyu atakula hapa. Na kweli alikula hapo. Aliuza ulanzi, akajenga nyumba yake ya vyumba viwili, hakumwomba mtu chumvi. Hilo pia lilinikera, nakuambia ukweli. Mimi niliyesoma kwa wamisionari nilikuwa naomba chumvi.

Mthamini alipokuja Yustina hakuwepo. Alikuwa amelazwa Tosamaganga kwa ajili ya mguu. Kabla hajaondoka alipita nyumbani kwetu, amejifunga shuka, anachechemea. Akaniambia, "Wifi, huyo mtu wa kuandika akija, mimi sipo. Uniangalizie bonde langu, wasiliache."

Nikamjibu, "Nenda salama, wifi. Mimi nipo."

Nilikuwepo, kweli. Bwana mthamini alikuwa kijana tu, amevaa suruali ya bugaluu na viatu vya raizoni vyenye soli ndefu, anakanyaga tope letu kwa kuruka. Tulimtembeza nyumba kwa nyumba. Nilikuwa nasoma na kuandika, kwa hiyo mimi ndiye niliyewekwa kumjibu, na mchungaji upande wa pili. Aliandika nyumba yetu, ghala letu, miti yetu ya miwati, miti ya mapichi nyuma ya choo. Aliandika vizuri, sina lawama. Tukafika bondeni. Akasimama akatazama ile mianzi, ikawa inadondosha matone kwenye mashina yake, mizuri, imefungana juu.

Akauliza, "Mama, hii mianzi ya nani? Imepandwa ama vipi?"

Nilikuwa na jibu fupi tu la kutoa. Ya Yustina, alipanda baba yake. Maneno manne, matano. Lakini nikaona swali linalofuata, linakuja nyuma ya hilo: inafanya kazi gani? Nikaona nitataja ulanzi mbele ya mchungaji, nikiwa nimevaa kitenge cha umoja wetu wa akina mama, siku ya mgeni. Nikasema, "Hapana baba, hiyo inajiotea tu. Haina mwenyewe."

"Hata kugema hawagemi?"

"Watu wa hapa ni watu wa kanisa."

Mchungaji akaangalia viatu vyake. Kijana akacheka kidogo, akaandika, hakuuliza mara ya pili. Nimefikiri sana juu ya hilo swali la pili ambalo halikuulizwa. Labda lingenitoa ukweli. Labda nisingeutoa hata angeniuliza mara kumi, sijui, na sitaki kujipamba mbele yako.

Mchana akala kuku wetu. Na unajua kuku yule alipikwa kwa kuni gani? Mbeta. Zilikuwa kavu, zinawaka vizuri, mvua ilikuwa imelowesha kuni zote. Wewe ndiye uliyekuwa unapuliza moto. Vyombo vya kazi vya shangazi yako, alivyovikata na kuvichonga mwenyewe, tuliviingiza mafigani kwenye jiko la kanisa tukampikia aliyekuja kumfuta. Alipomaliza alijifuta vidole, akanipa karatasi, nikatia sahihi kwa mwandiko wangu wa shule. Nilijivuna kwamba sikuweka dole gumba.

Yustina aliporudi kutoka Tosamaganga alikuja moja kwa moja, hata mzigo hajaweka. "Wifi, wameandika bonde langu?"

Nikasema, "Wameandika."

Usione nilidanganya. Waliliandika. Waliandika kwamba ni pori. Nililala na hilo jibu miaka mingi nikijiona mjanja.

Mengine uliyaona. Malori yalikuja, tukashushwa huku barabarani, wakati uleule wenzetu wa vijiji vingine nao walikuwa wanahamishwa, kwa hiyo hakuna aliyetushangaa. Fidia ikawa inakuja. Inakuja mwezi ujao, inakuja bajeti ikipita, inakuja bosi akirudi safari. Miaka miwili tulikwenda na kurudi. Tulikuwa tunalala Ipogolo, chini ya mlima, kwa binamu ya baba yako, alfajiri tunapanda kwa miguu hadi mjini na viatu mkononi ili visichakae, tunavivaa kwenye kona ya mwisho. Tunakaa kwenye benchi. Saa nne anatoka karani na kikombe cha chai, anatutazama kama tumekuja kuomba chai hiyo. "Nyie wa mbegu? Bado." Hilo tu, bado, na analisema akiwa amegeuka tayari. Baba yako alilisikia neno hilo mara nyingi kuliko alivyosikia jina lake. Alikufa fidia ikiwa bado. Ilitoka miezi mitano baada ya kumzika, ndiyo tukanunua bati hizi.

Siku ya kulipwa walisoma majina. Walifika mwisho, wakafunga kitabu. Yustina akabaki amesimama.

Akauliza, "Na mimi?"

Yule karani akamwambia, "Mama, kwenye orodha una nyumba tu, na hiyo nyumba ina kasoro kwenye fomu. Mianzi haikuorodheshwa. Nenda mahakamani ukitaka." Alisema kwa dharau, akidhani mwanamke yule hatakwenda. Hakumjua shangazi yako.

Sitakusimulia tarehe zote za kesi, nitajaza daftari. Hakimu amehamishwa. Faili halionekani. Faili limeonekana lakini wakili wa shirika ana udhuru. Vita ya kule Kagera ilipoanza wakapata kisingizio cha kufaa: fedha zote na akili zote ziko vitani, mama, nenda ukalime. Mama anayeambiwa akalime ndiye huyo aliyenyang'anywa pa kulima. Watu waliosoma, wenye kola nyeupe, wanasema hivyo bila haya, kisha wanakwenda kula. Nimekaa kwenye mabenchi hayo nikamsindikiza kwa sababu ukoo ulisema nisimwache peke yake. Nilikuwa nawachukia wote waliomo ndani. Nilichukua muda mrefu kukubali kwamba mmoja wao alikuwa amekaa kwenye kiti changu.

Siku iliyoniumbua ilikuwa mwaka jana. Wakili wa shirika akasimama, mtu mnene mwenye Kiswahili cha kupaka mafuta, akatoa ile karatasi. Akaisoma pole pole, kila neno. "Mianzi iliyopo bondeni ni mimea ya porini, inajiotea, haina mmiliki. Haya maneno, mheshimiwa, yalitolewa na kiongozi wa wanawake wa kanisa, tena wifi yake mdai." Kisha akamgeukia Yustina. "Unamfahamu aliyesema haya?"

"Namfahamu. Ni mke wa kaka yangu."

"Ni mtu mwongo?"

Twilumba, nilikuwa nimekaa safu ya pili. Nimevaa kitenge kilekile. Shangazi yako alinitafuta kwa macho akanipata. Alikuwa na kila haki ya kusema ndiyo, ni mwongo, yule pale, mwulizeni. Angeshinda kesi dakika ile, au angalau wangeniita. Kisha akamgeukia hakimu.

"Mke wa kaka yangu si mwongo, mheshimiwa. Siku hiyo kulikuwa na mvua. Labda hakuona vizuri."

Watu wakacheka. Hakimu naye akacheka, akaandika. Mimi nilikaa. Sikuinuka, sikukohoa, sikupandisha mkono. Alikataa kuivua nguo nyumba ya kaka yake mbele ya wageni, na mimi niliyeolewa katika nyumba hiyo nikamwacha avuliwe yeye. Hukumu ikatoka baada ya wiki tatu, dai limetupwa. Tuliteremka mpaka Ipogolo. Pale chini akanunua maandazi mawili, moja akanipa. Nilikula. Hebu fikiria, nilikula.

Na unajua bonde limefanywa nini? Hakuna. Miaka mitano, hakuna hata mbegu moja iliyooteshwa kule chini. Waliweka nguzo, wakaweka waya, wakaweka walinzi. Walinzi wanaigema ile mianzi. Wamechonga mbeta zao, wanagema asubuhi na jioni mvua zikija, wanauza. Pori lisilo na mwenyewe linalisha walinzi wanne na jamaa zao. Na shangazi yako, mvua zikianza, anapanda kule juu na ndoo, ananunua kwa walinzi ulanzi wa mianzi ya baba yake, anarudi nao kichwani na mguu wake ule, anauza barabarani kwa madereva. Umemwona mara ngapi pale kando ya barabara? Mara ngapi umepita upande wa pili?

Hapo ndipo ninapofika kwenye kile ambacho kalamu ilikuwa inakikwepa tangu saa tisa.

Nilikuambia kozi yako ya kupiga chapa ililipwa na mfuko wa akina mama. Mfuko wa akina mama haujawahi kuwa na fedha ya kununua hata mishumaa. Ni Yustina. Alinikuta nimekaa pale mlangoni na ile barua ya chuo, sina la kufanya, baba yako hayupo. Aliondoka, akarudi jioni na fedha amezifunga kwenye ncha ya kanga, zinanuka ulanzi. Akasema, "Usimwambie mtoto zimetoka kwangu. Ana kiburi, atakataa." Nikachukua. Nikaziosha mikononi mwangu kwa uongo, nikakupa zikiwa za kanisa. Viatu vyako vya shule kidato cha tatu, ni yeye. Ile sweta ya kijani, ni yeye. Jumapili nilisimama mbele nikawafundisha akina mama ubaya wa pombe, na mtoto wangu yuko darasani kwa pombe hiyohiyo, na mwenye pombe amekaa benchi la nyuma ananisikiliza.

Nilikufundisha kumkinai shangazi yako. Ulikuwa ukienda kwake huli. Ukisalimiwa unaitikia ukiwa unatembea. Nilikuwa nakuona na ndani nilikuwa nafurahi kidogo, kwa sababu kama wewe unamdharau basi na mimi sikukosea sana. Mtu akishamkosea mwenzake hutafuta ubaya wake kwa bidii, mwanangu. Nimeufanya utafiti huo mwenyewe, sikuusoma popote. Ukijiona huko Mbeya unamchukia mtu bila sababu ya kueleweka, kaa chini ujiulize ulimfanyia nini.

Juzi nilikwenda kwa mchungaji. Nikamwambia nataka kwenda kusema ukweli. Mchungaji naye alikuwepo siku ile bondeni. Akasema, "Mama, mambo ya zamani tuyaache. Ukisema ulidanganya serikali, itabidi tukuweke nje ya meza ya Bwana kwa muda. Na binti yako ndio anaanza kazi." Akaniombea. Sikufumba macho. Nilitazama viatu vyake, ni vilevile.

Amekutaja wewe, na amesema kweli. Ofisi unayokwenda inapokea makaratasi ya watu kama wale wa shirika. Alhamisi watasikia kwamba mwanamke fulani wa Igumbiko amekuja kukana sahihi yake. Siku hiyohiyo au wiki hiyohiyo mtu atauliza, huyu msichana mpya wa Igumbiko ni nani yake? Watakuja mezani kwako. Sina namna ya kukuepusha na hilo. Nimeitafuta pembe zote. Ama nitakuharibia wiki yako ya kwanza, ama nitamwacha shangazi yako apigwe mara ya pili kwa karatasi yangu. Nimechagua. Wakikuuliza, sema, "Ndiye mama yangu." Usiongeze neno.

Na kazini, hili moja tu, kisha naacha. Watu watakaa mbele yako na kuulizwa maswali, na wewe utapiga chapa. Akisema mtu kwamba hana kitu, kwamba kitu fulani hakina mwenyewe, inua vidole kwenye mashine umuulize tena. Mwambie arudie alichokisema, au wewe umsomee. Wakubwa wako watakuona mzito. Sawa.

Jana jioni nilikwenda kwa Yustina. Alikuwa anakwangua ukoko wa sufuria. Nikasema "Kamwene," akaitikia. Nikasimama pale mlangoni nikamweleza yote, na mbeta, na kuni, na maneno niliyomwambia mthamini. Nilidhani atalia au atanifukuza. Alimaliza kukwangua sufuria kwanza.

"Mbeta nilizikuta, wifi," akasema. "Majivu yake, nyuma ya jiko la kanisa. Mbeta ikiungua huacha vifundo. Nilivihesabu."

"Ulijua tangu siku ile?"

"Sasa nisijue? Bonde langu mimi."

"Mbona hukusema mahakamani?"

"Nilikuwa nangoja useme mwenyewe."

Nikamwambia basi nakwenda naye Mbeya Jumatatu, tutalala kwa watu wa ukoo mpaka Alhamisi, na kabla ya siku yenyewe nitamwona karani wa mahakama aniandikie kiapo. Nikamwambia pia inawezekana wakakataa, maana tuliambiwa rufaa haitaki mashahidi wapya. Nitaipeleka hivyohivyo. Wakiitupa, waitupe wakiwa wameisoma.

Akanitazama juu mpaka chini. Akasema, "Nauli unayo? Au nayo nikulipie?"

Nilistahili. Nikacheka, naye akacheka, lakini chake kilikuwa kifupi kuliko changu. Hajanisamehe, na sikumwomba. Anasafiri na mimi, basi.

Kwa hiyo kesho, nilikuambia nitakusindikiza mpaka barabarani kisha nirudi. Sitarudi. Tiketi ziko tatu, nimezitia ndani ya Biblia. Barua hii nitaiweka juu kabisa kwenye sanduku lako, uisome kabla hatujatoka, maana sitaki uisome nikiwa nimekaa pembeni yako kwenye basi, nikichungulia uso wako. Ukiwa na la kuniambia, niambie. Ukiwa huna, beba sanduku twende.

Shangazi yako atatukuta pale barabarani, na mguu wake, na kikapu chake. Msalimie umesimama. Mpe siti ya dirishani. Akitoa chakula, kula.

Utaona asubuhi sindano zangu za kufumia zimezagaa mezani, usizikusanye. Kile chombo ninachoziwekea, cha mwanzi, unachokijua tangu ukiwa mdogo, ni mbeta. Ni moja niliyoibakiza siku ile kwa sababu ilikuwa nzuri, basi. Ina mikato mitatu kwenye kitako, alama ya babu yako, ambayo yeye na kisha shangazi yako waliitia kwenye mbeta zao zote ili zisichanganyike na za watu. Pori halijichongei alama. Nimeipangusa, nimeifunga kwenye kitenge cha umoja, inakwenda mahakamani.

Nakusikia unacheka na mtu pale njiani. Umerudi mapema.

Ni mimi mama yako, niliyesema mianzi ile haina mwenyewe.